Mizizi ya Msikizi

Fundi cherehani huvaa futi shingoni kutwa nzima, na ndivyo nilivyougundua uvimbe wangu. Ulikuwa msimu wa harusi hapa Iringa, nina magauni sita ya wasimamizi mezani. Kila nikiinama, futi inakwaruza sehemu moja, chini ya sikio la kushoto. Nikaihamishia upande wa pili. Baada ya wiki nikapeleka kidole, nikakuta kitu kama kunde ndani ya ngozi, hakiumi. Nikaendelea kushona. Nilimaliza yale magauni, nikashona na mengine, mpaka ile kunde ikawa ndimu na mteja mmoja akaniuliza, "Mama Nasra, hiyo shingo vipi?"

Naandika kwa ajili yako wewe ambaye bado unaihamisha futi. Naandika pia kwa ajili yako uliyekwisha kutajiwa jina la ugonjwa, na sasa hujui ukiingia nyumbani uanze kusema nini. Mimi si daktari. Sitakueleza saratani ya tezi inaanzaje wala dawa zinafanya nini ndani ya damu. Ninachokijua ni benchi la kungojea, basi la Mbeya, vidole vyangu, mama mkwe wangu, na mmea mmoja ambao haupo.

Hospitalini walikata kinyama kidogo shingoni wakakipeleka kupimwa. Majibu yalichukua wiki nne. Kati ya yote yaliyofuata, hizo wiki nne ndizo mbaya kuliko zote. Nilikuwa nashona nguo nikiwaza kama mwenyewe ataivaa mimi nikiwapo. Majibu yalipotoka, daktari alisema matibabu yapo Mbeya, dozi nane, moja kila baada ya wiki tatu. Mume wangu Idrisa, ambaye anauza spea za pikipiki na ni mtu wa maneno mengi, alisikiliza yote yale halafu akauliza swali moja tu: "Basi la saa ngapi?"

Nyumbani tulikuwa wanne: mimi, Idrisa, binti yetu Nasra wa darasa la nne, na Bi Rukia, mama yake Idrisa. Bi Rukia ndiye aliyetoa amri kuhusu Nasra. "Mtoto haambiwi mambo haya," alisema. "Mwambieni mama ana uvimbe wa koo, basi." Sikubishana naye. Niliona afadhali, kwa kuwa hata mimi mwenyewe lile neno lilikuwa halijanikaa mdomoni.

Dozi ya kwanza ilikuwa mwanzo wa mvua. Basi lilipopita Chimala mashamba ya mpunga yalikuwa matope matupu, watu wanalima. Chumba cha dawa kina viti virefu vya kuegemea, kila kiti na chuma chake cha kutundikia dripu. Nesi alinichoma, akaning'iniza mfuko mmoja, baadaye wa pili. Alipofika kwenye wa tatu akasema kwa kunituliza, "Hii asili yake ni kaua kadogo tu, dada. Watu wanakapanda mbele ya nyumba."

Saa kumi jioni Nasra alipiga kwa simu ya baba yake.

"Mama, umeshachomwa sindano?"

"Nimewekewa dripu ya dawa."

"Imetoka wapi hiyo dawa?"

"Kwenye ua."

"Ua gani?"

Nilikuwa sijamuuliza nesi jina. Na nilikuwa naogopa kwamba nikinyamaza, sauti itanitoka ya kulia. Nikasema neno la kwanza lililokuja. "Linaitwa msikizi."

"Linaota wapi?"

"Mbali. Nchi inaitwa Lwandai. Nitakusimulia nikirudi."

Kiti cha pembeni alikaa mama mmoja mnene, amejifunga khanga mbili na sweta, mkulima wa viazi kutoka milima ya juu ya jiji. Wote pale walimwita mama Ambwene. Yeye alikuwa dozi ya nne, saratani ya titi. Nilipokata simu akanigeukia.

"Huo msikizi mbona kwetu huko milimani hatuna?"

"Haupo popote, mama. Nimeutunga sasa hivi."

Alicheka mpaka kile chuma chake kikatikisika na nesi akaja kuangalia kuna nini. "Basi utunge vizuri," akaniambia. "Tuna masaa matatu hapa, tutafanya nini kingine?"

Ndivyo ilivyoanza. Jioni ile, mimi na mama Ambwene tukiwa tumefungwa kwenye mipira ya dripu, tuliuotesha msikizi. Tuliamua kwamba Lwandai unaingilia kwenye ufa katikati ya miamba, ufa ambao mbuzi wanaujua na watu hawaujui. Kule hakuna anayepanda msikizi. Nyumba yenye mgonjwa, ukipambazuka unaukuta umesimama mlangoni, umekuja kwa mizizi yake, umeinamisha kichwa upande ule anaolala. Mgonjwa hasemi kitu wala haulizwi. Mmea umeshamsikia. Majani yake ni ya kijani kibichi yenye uzi wa manjano pembeni, na humpa kila mgonjwa manane tu, moja moja.

Nasra alipokea habari hizi kama mkaguzi. "Mfalme je? Si atauchukua wote?"

Nikamwambia mfalme mmoja alijaribu, akauzungushia uzio wa chuma, nao ukatokea kisimani. Tangu hapo mfalme ameweka walinzi, na walinzi wanavaa makoti yasiyo na mifuko ili wasifiche jani. Makoti hayo nilimchorea, nilijua hata kitambaa chake. Nasra naye akaongeza sheria yake: mtu mzima akichuma jani lisilo lake, kwa siku nzima anasahau majina ya watoto wake. Kila niliporudi safari nilikuta Lwandai imekua. Imepata shule, imepata mto, imepata mama mmoja mnene anayelima viazi vya bluu.

Sasa nikueleze mwili, kwa sababu hilo wengi wanaficha.

Nywele zilianza kutoka kabla ya dozi ya pili. Hazikutoka zote kwa pamoja. Zilikuwa zinabaki ndani ya ushungi kila nikiuvua, mpaka nikamwomba Idrisa aninyoe zilizobaki. Alininyoa uani, polepole, halafu akaenda kusimama nyuma ya choo muda mrefu. Nasra aliniangalia kichwa akauliza kama msikizi ndio umezichukua. Nikamwambia ndiyo, zinageuka nyasi chini yake, ndege wanatengenezea viota. Akaridhika, au nilidhani ameridhika.

Maji ya kunywa yalikuwa na ladha ya msumari. Harufu ya kitunguu kinachokaangwa ilinitoa jikoni mbio. Nilikonda, nikazipunguza nguo zangu mwenyewe mara mbili. Dozi ya tatu vidole vikaanza kufa ganzi. Kwa mtu mwingine labda hilo ni dogo. Mimi nilikuwa nashika sindano na sijui kama nimeishika mpaka niitazame. Siku moja nilijichoma, nikagundua baada ya kuona damu kwenye shela ya bibi harusi wa watu. Nililia siku hiyo kuliko siku ya majibu. Nilifunika cherehani kwa kitambaa, nikaacha kazi.

Idrisa naye alibadilika. Yule mtu wa maneno mengi akawa kimya. Alikuwa anachelewa dukani bila sababu, akirudi ananiuliza "umekula?" huku anaangalia ukuta. Nilimkasirikia, nikamwambia kama ameshanizika aseme. Kesho yake asubuhi nikamkuta amepiga magoti mbele ya jiko, anakoroga uji wa ulezi, una mabonge, anayaponda kwa kijiko moja moja. Tangu siku hiyo uji ukawa kazi yake. Mabonge hayakuisha hata siku moja. Nilikunywa hivyo hivyo.

Dozi ya tano ndiyo iliyonivunja. Mashamba ya mpunga ya Usangu yalikuwa kijani mpaka macho yanauma, na mimi kwenye kioo cha basi nilijiona kama mtu aliyechorwa kwa mkaa. Midomo ilipasuka ndani, nikawa siwezi hata uji. Nililala siku tisa. Nilimwambia Bi Rukia, "Mama, sidhani kama nitaiweza ya sita." Nililisema kama mtu anavyosema amechoka. Yeye alilibeba vingine.

Jumamosi asubuhi, ikiwa imebaki siku tatu nisafiri, aliingia chumbani amevaa buibui la kutokea, miguu ina vumbi. Akakaa ukingoni mwa kitanda, akafungua gazeti. Ndani kulikuwa na mizizi myekundu, minene kama vidole, bado ina udongo.

"Nimezunguka siku mbili," alisema. "Nimeupata."

"Umepata nini, mama?"

"Msikizi."

Nilidhani nimesikia vibaya.

"Nasra ndiye aliyenieleza. Kila siku anazungumza habari zake, na wewe mwenyewe unamwambia ndio dawa wanayokupa Mbeya. Nikasema, kama ndio dawa, kwa nini uifuate kule iliyochanganywa na makemikali, wakati mti wenyewe upo? Nimeuliza sokoni wauza dawa wanne. Watatu hawaujui. Huyu wa nne anaujua tangu babu yake. Anasema unaota mabonde ya baridi huko Kilolo na unachimbwa Jumanne tu." Akanishika mkono. "Mwanaidi, mwanangu, usiende Mbeya wiki hii. Zile dripu zinakumaliza, naona kwa macho yangu. Kunywa huu siku saba kwanza. Nimeshauonja mimi, nisije nikakupa sumu."

Nataka niwe mkweli kwako hapa, maana huenda na wewe utaletewa gazeti kama hilo na mtu anayekupenda. Sikucheka. Kwa muda fulani, kama wa kuchemsha kikombe cha chai, nilitamani kuamini. Mmea nilioutunga kwa mdomo wangu, nchi niliyoijenga kwenye kiti cha dripu, na bado nilitazama mizizi ile nikajiambia, labda. Nilikuwa nimechoka kiasi hicho. Kitu pekee nilichotaka ni mtu aniambie nisiende.

Halafu nikakitazama kidole chake chenye udongo kwenye ukucha, nikaona siwezi.

"Mama," nikasema, "msikizi niliutunga mimi."

"Umeutunga vipi?"

"Hakuna mti huo. Nasra aliuliza dawa inatoka wapi, nikakosa jibu, nikasema hivyo. Mmea wote ni wa kutunga. Na nchi yake."

Aliitazama mizizi. "Na huyu bwana wa sokoni?"

"Huyu bwana amesikia ukitaja jina."

Akasema taratibu, kama anayehesabu hatua zake kurudi nyuma, "Aliniuliza unafananaje. Nikamweleza mwenyewe. Majani yana uzi wa manjano pembeni. Akasema, ndio huo huo, mama." Akaanza kuikunja ile mizizi ndani ya gazeti. "Nimekuwa mjinga uzeeni."

"Hujawa mjinga. Uongo niliuanzisha mimi."

"Uongo niliuanza mimi," akasema. "Mimi ndiye niliyesema mtoto asiambiwe."

Tulipoinua macho Nasra alikuwa mlangoni, ameshika mfuko wa nyanya aliotumwa. Sijui alikuwa pale tangu lini.

"Kwa hiyo msikizi hamna," alisema.

"Hamna, mama yangu."

"Na ugonjwa?"

Bi Rukia alinitazama. Sikungoja ruhusa yake. "Ugonjwa upo. Sio uvimbe wa koo. Ni saratani."

"Najua," alisema Nasra. "Sharifa aliniambia shuleni kabla hata ya Krismasi, mama yako ana kansa. Nikamwuliza mwalimu, akaniambia wengine wanapona." Akaweka nyanya chini. "Nilifikiri wewe ndiye unayeamini msikizi. Ndiyo maana nilikuwa naongeza vitu."

Miezi ile yote nilidhani namfariji mtoto. Kumbe mtoto wa miaka tisa alikuwa akitoka shule, anavua viatu, anakaa kitandani kwangu na kunitengenezea nchi nyingine ili nisiogope. Nilimvuta, tukalia wote watatu, kilio kile cha kelele, hata jirani akaja kupiga hodi akidhani nimekufa. Bi Rukia akatoka kumjibu: "Hajafa. Anakwenda Mbeya Jumanne."

Na yeye ndiye aliyenipeleka. Idrisa alikuwa amepanga kufunga duka, Bi Rukia akakataa, akasema huu ni mgonjwa wake. Njia nzima alinishikia mfuko wa kutapikia bila kugeuza uso. Benchini alikaa upande wangu mmoja, na upande wa pili mama Ambwene, ambaye alikuwa amemaliza dozi zake na amekuja kuangaliwa. Nilimsimulia habari za mizizi ya sokoni, kwa sauti ya chini, nikihofia mama mkwe ataona aibu. Mama Ambwene hakucheka safari hii.

"Na mimi nililetewa," alisema. "Kaka yangu aliniletea mizizi hiyo hiyo nadhani, ila ilikuwa na jina jingine. Nikanywa, nikaacha kuja hapa miezi miwili. Niliporudi titi lilikuwa limeshafanya kidonda. Mshukuru Mungu, bibi, wewe mkwe wako amesema ukweli mapema."

Bi Rukia alikuwa anawatazama watu wa benchi mmoja mmoja: kijana aliyelalia bega la mke wake, mwalimu mstaafu anayesahihisha madaftari ya mjukuu, msichana mwenye kofia ya sufu. Nilipoitwa ndani akaniambia, "Hivi kumbe ni wengi hivi."

Sitakudanganya kwamba dozi ya sita, ya saba na ya nane zilikuwa rahisi. Nilitapika vilevile. Lakini kulikuwa hakuna tena kitu cha kuficha nyumbani, na hiyo inapunguza uzito kuliko unavyodhani. Nasra alihesabu siku kwa kalenda aliyoichora, na jina la ugonjwa ameliandika juu kabisa, kwa herufi kubwa. Alinitungia uzi kwenye sindano ishirini kila asubuhi kabla ya kwenda shule, akazichomeka kwenye kimto cha sindano, ili nikijisikia nidarizi kidogo, mishono mipana, nikiongozwa na macho badala ya vidole. Lwandai hatukuiacha. Tuliendelea kuitunga, ila sasa wote tulijua tunatunga, na Bi Rukia akajiunga. Aliingiza muuza dawa mmoja mwongo ambaye msikizi unamfuata kila aendako na kumpiga makofi kwa majani.

Dozi ya nane niliimaliza mpunga ukiwa umeiva. Baada ya wiki kadhaa wakanipitisha kwenye mashine kubwa ya picha. Daktari aliweka picha ya kwanza na ya sasa pamoja, akasema, "Hakuna ninachokiona hapa." Nikamwuliza, "Nimepona?" Akasema tutaendelea kuangalia kila miezi mitatu, na kwa leo nirudi nyumbani nikale. Nimejifunza kuishi na jibu la namna hiyo. Vidole viwili vya mkono wa kulia bado ni vizito. Nimerudi kazini, nimechukua msaidizi wa kushona vifungo, na shela sichukui tena.

Nilidhani hapo ndipo mwisho. Lakini wiki moja baada ya majibu, upepo wa baridi wa Iringa umeshaanza, Bi Rukia aliniita chumbani kwake akaniambia nifunge mlango. Akafungua vifungo vya blauzi. Chini ya kwapa la kulia kulikuwa na uvimbe kama yai la kuku.

"Tangu lini, mama?"

"Mwaka wa tatu."

"Na mimi naumwa humu ndani, hukusema?"

"Nilikuwa nangoja wewe umalize kwanza. Idrisa angetubeba vipi wawili?" Akafunga kifungo kimoja, akakifungua tena. "Nimekunywa kila mti wa soko hili, Mwanaidi. Ndiyo maana nilijua pa kwenda kukutafutia."

Nikuondolee wasiwasi mapema: ulikuwa uvimbe wa mafuta. Waliukata, wakampima, wakamwambia hauna ubaya. Nyuzi alizoshonwa nilizikagua mwenyewe, kazi safi. Lakini siku tuliyompeleka Mbeya hatukujua hilo. Tulikaa kwenye benchi lile lile, kumekucha na ukungu, yeye na mkoba magotini, mimi nikimshikia kadi. Mkono wake ulikuwa wa baridi na hakuuondoa kwangu.

Jina lake lilipoitwa nilinyanyuka naye. Daktari alikuwa kijana, pengine umri wa mjukuu wake wa kwanza. Alimwamkia, akampa kiti, akamwuliza, "Bibi, unaumwa wapi?"

Nimeishi na mama huyu miaka kumi na miwili. Nimemwona na homa, nimemwona ameteguka mguu, nimemwona siku ya msiba wa mumewe. Kila akiulizwa husema sijambo, Alhamdulillahi, na hapo mazungumzo yamekwisha. Nilimwona akivuta pumzi kulisema neno hilo. Nikangoja.

Aliuweka mkoba chini, akainua mkono wake wa kulia juu kabisa, kama mtoto darasani, na kwa ule wa kushoto akaonyesha.

"Hapa," alisema.